Sura ya Saba: Mpiga Mbinja wa Barabara ya Kabete

Nyumbani kwetu mbinja hazikupigwa usiku. Nyanya alisema zinaita nyoka, na hakuna mtoto aliyetaka kuhakikisha. Basi jioni moja, redio ya baba iliyokaa juu ya kabati la vyombo ilipoanza kupiga mbinja yenyewe, sote tulimgeukia nyanya tuone atafanya nini. Mtu yule wa redioni alipiga mbinja kwa kasi, akapanda, akashuka, akazungusha sauti mpaka ukadhani ni ndege wawili wanagombania tawi moja. Nyanya aliacha kuchambua mboga. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza huyo ni nani.

"Ni Mzungu, mama," baba akamjibu, "lakini ni wa hapa. Kazaliwa Nairobi hii hii."

Nimelibeba jibu hilo miaka mingi. Katika sura zilizotangulia nimeandika juu ya wanamuziki waliokuja Nairobi kutoka Pwani, Magharibi na Kongo wakaufanya mji huu uimbe. Huyu alizaliwa humu, akasomea humu, akaondoka akiwa kijana, akajipatia jina kwenye runinga za Ulaya, na sauti yake ikarudi nyumbani kabla yake, kwa mawimbi ya redio. Kuna wasomaji watakaouliza anafanya nini katika kitabu cha muziki wa Nairobi. Swali ni la haki, na nitalijibu polepole.

Roger Henry Brough Whittaker alizaliwa Nairobi tarehe 22 Machi 1936. Wazazi wake walitoka Staffordshire, Uingereza, ambako walikuwa na duka la vyakula. Baba yake alipata ajali mbaya ya pikipiki, na baada ya hapo familia ikatafuta nchi yenye joto ambako angepata nafuu. Wakaja Kenya, wakakaa kwenye shamba karibu na Thika. Baba alipiga fidla. Mama alikuwa mwalimu. Babu huko Uingereza alikuwa mtu wa kuimba vilabuni. Kwa hiyo mtoto alikuta muziki ndani ya nyumba, na nje ya nyumba akakuta muziki mwingine: ngoma za usiku za watu waliofanya kazi mashambani. Katika kitabu cha maisha yake alichokiandika pamoja na mkewe Natalie mwaka 1986, anakiri kwamba midundo ile iliingia katika kila alichoimba na kukitunga baadaye. Namwamini. Sikiliza mkono wake wa kulia kwenye nyimbo za kasi: gitaa linapigwa kama kitu cha kugongwa kuliko kitu cha kupapaswa.

Gitaa lake la kwanza alilipata akiwa na umri wa miaka 7, na lilichongwa na mfungwa wa vita, Mwitaliano. Hapa naomba tusimame kidogo. Vita Vikuu vya Pili vilileta Kenya maelfu ya wafungwa wa Kiitaliano, na mikono yao ingali inaonekana. Ukiteremka Bonde la Ufa kutoka Limuru kwenda Naivasha kwa barabara ya zamani, unapita kwenye barabara waliyoichimba ubavuni mwa mlima, na pale Mai Mahiu kuna kanisa dogo walilolijenga mwaka 1942, dogo kiasi kwamba watu wachache tu wakiingia limejaa. Madereva wa malori husimama hapo kupumzisha breki. Mwenzao mmoja, hapa hapa Kenya, alikaa akakunja mbao, akaunganisha shingo na tumbo, akakaza nyuzi, akampa mtoto wa Kiingereza ambaye nchi yake ndiyo iliyomteka. Jina la fundi huyo halikuhifadhiwa. Kila ninapolisikia gitaa la Whittaker, namfikiria huyo kwanza.

Sasa twende shuleni kwake. Panda matatu ya Kikuyu mjini, pita Museum Hill, pita Westlands, acha Safaricom House nyuma, na kabla ya kufika Kangemi utaona miti mirefu na uwanja mpana wa Nairobi School. Barabara tunayoiita leo Waiyaki Way iliitwa Sclater's Road zamani hizo, kwa jina la askari Mwingereza aliyechora njia ya magari ya kukokotwa kuelekea Uganda. Waiyaki wa Hinga, ambaye jina lake ndilo lipo kwenye vibao sasa, alikuwa kiongozi wa Wakikuyu wa upande huu huu wa Kabete, akakamatwa na Waingereza mwaka 1892 na kufa njiani akipelekwa Pwani. Kubadilisha jina la barabara ni kazi ya siku moja. Kilichokuwa kwenye kingo za barabara ile kilichukua muda mrefu zaidi kubadilika.

Shule ilifunguliwa mwaka 1931 ikapewa jina la Prince of Wales School, majengo yake yakiwa yamechorwa na Sir Herbert Baker, yule yule aliyechora majengo ya serikali kule Pretoria. Nguzo nyeupe, mapaa ya vigae, varanda ndefu zenye kivuli baridi hata saa saba mchana. Ilijengwa kwa ajili ya wavulana wa Kizungu, na wao peke yao. Mwafrika aliingia kwa mlango wa jikoni: alipika, alifua, alikata nyasi, kisha jioni akarudi upande wa Kangemi au Kabete. Mji wenyewe ulipangwa hivyo. Magharibi na juu penye hewa kwa Wazungu, Parklands na Ngara kwa Wahindi, Eastlands kwa Waafrika, na kipande, kile kitambulisho cha kikoloni, shingoni kwa Mwafrika yeyote aliyetaka kuvuka.

Akiwa mwanafunzi hapo, Whittaker aliimba katika kwaya ya kanisa kuu la Anglikana mjini, All Saints. Kanisa hilo la mawe, lililo jirani na Uhuru Park, lilichorwa na Temple Moore, jiwe la msingi likawekwa mwaka 1917, na ujenzi ukakamilika mwaka 1952. Maana yake ni kwamba mvulana yule aliimba ndani ya jengo ambalo lilikuwa bado linajengwa. Mimi nimeingia pale asubuhi ya siku ya kazi, wakati hakuna ibada. Kohoa mara moja tu na utasikia mawe yakikujibu. Nyumba ya namna hiyo humfundisha mwimbaji mambo mawili: kutamka neno likafika mwisho wa ukumbi bila kupiga kelele, na kuitunza pumzi. Naamini hapo ndipo ilipopatikana ile sauti yake nzito iliyo wazi, sauti ambayo hata asiyejua Kiingereza vizuri hushika maneno yake.

Mwaka huo huo wa 1952, tarehe 20 Oktoba, serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari. Na kuna jambo la muziki katika hali ya hatari ambalo halisemwi vya kutosha. Wapigania ardhi na uhuru, Mau Mau, walikuwa na nyimbo zao, na nyingi zilitumia mahadhi ya tenzi za kanisa walizofundishwa na wamisheni, maneno yakabadilishwa. Askari Mzungu akipita nje ya nyumba angesikia tenzi za Jumapili. Waliomo ndani walikuwa wakiimba juu ya ardhi iliyochukuliwa na juu ya Kenyatta aliyefungwa. Serikali ilipogundua, vijitabu vya nyimbo hizo vikapigwa marufuku na kuwa navyo kukawa ni kosa. Kwa hiyo mnamo miaka ile, mahadhi ya kanisa yaliimbwa Nairobi na watu wa pande mbili za vita moja.

Whittaker alikuwa upande wa serikali. Alipomaliza shule aliitwa jeshini, akatumikia miaka 2 katika Kenya Regiment, kikosi cha vijana wa walowezi, akipigana na Mau Mau katika misitu ya Nyandarua. Baadaye alisema kwamba alikuwa kijana mjinga, mbinafsi na mwenye hasira, na kwamba jeshi ndilo lililomfanya mtu mzima. Sina haki ya kuipamba habari hii wala kuificha. Wako wazee katika familia nyingi za Kiambu, Murang'a na Nyeri ambao walikuwa ndani ya misitu ile ile, upande wa pili wa bunduki. Yeyote anayezipenda nyimbo za mtu huyu, na mimi ni mmoja wao, azipende akilijua hilo.

Alitoka jeshini mwaka 1956. Akaenda Cape Town kusomea udaktari, akaacha baada ya miezi 18, akarudi Kenya akafundisha shule kama mama yake. Septemba 1959 akasafiri kwenda Uingereza ili aendelee na kazi ya ualimu, akaingia chuo kikuu cha Bangor huko Wales, akasomea elimu ya wanyama, kemia ya viumbe na viumbe vya baharini. Jioni aliimba vilabuni apate pesa za matumizi. Nyimbo zake za kwanza zilitolewa kwenye santuri zile nyembamba za plastiki inayopindika, zikafungwa ndani ya gazeti la wanafunzi. Kampuni ya Fontana ilizisikia, ikamwita, na mwaka 1962 akatoa santuri yake ya kwanza halisi. Alipata shahada yake ya sayansi, lakini maabara haikumwona tena.

Kilichomtoa ni runinga. Majira ya joto ya 1962 aliimba Portrush, mji wa mapumziko kaskazini mwa Ireland, na kutoka hapo akachukuliwa kwenye kipindi cha This and That cha Ulster Television, kituo cha Belfast kilichokuwa na miaka mitatu tu hewani. Kazi ya mwanamuziki wa runinga siku hizo ilikuwa ngumu kwa namna ambayo sisi wa leo, tuliozoea kukata na kuunganisha, ni vigumu kuielewa. Mikanda ya kunasia picha ilikuwa ghali, na vipindi vingi vilikwenda hewani moja kwa moja. Mwimbaji alisimama chini ya taa kali, mbele ya kamera nzito iliyosukumwa kwa magurudumu, akapewa dakika chache, na akikosea, nchi nzima imeona. Aliyefaa kazi hiyo ni mtu wa gitaa moja na sauti moja: hahitaji okestra, hahitaji kupangiwa jukwaa, anaongea na kamera kama anaongea na jirani uani. Na akiwa anaweza kujaza nafasi kwa mbinja pale ambapo wengine wangehitaji filimbi, bora zaidi. Whittaker alikuwa na yote hayo. Alikuwa pia na tabia ya mwalimu, ile ya kumtazama mtu usoni na kusubiri amefahamu.

Nairobi haingeweza kumpa hilo, hata kama angebaki. Runinga ilianza Kenya mwaka huo huo wa 1962, na mtambo wa kwanza wa kurushia matangazo uliwekwa katika nyumba ya shambani huko Limuru, ukifikia maili 15 tu kuzunguka. Wachache walikuwa na seti, na wengi wao walikaa upande ule ule wa magharibi alikosomea. Mwaka 1964 serikali ya Kenya huru ililichukua shirika la utangazaji na kuliita Voice of Kenya, lenye makao yake Broadcasting House, barabara inayoitwa sasa Harry Thuku.

Turudi katikati ya mji, kwa sababu kuna hesabu ambayo haiwezi kuachwa. Wakati Whittaker akijaribu bahati yake Belfast, vijana wa rika lake walikuwa wakirekodi Nairobi, katika studio ya Equator Sound ya Charles Worrod. Fadhili William, mzaliwa wa Taveta, mdogo wa Whittaker kwa miaka 2, alirekodi hapo "Malaika". Daudi Kabaka alirekodi hapo nyimbo zilizochezwa Afrika Mashariki nzima. Wimbo mmoja kati ya hizo, "Helule Helule", ulivuka bahari: kundi la Kiingereza la The Tremeloes liliurekodi, na mwaka 1968 ukafika nafasi ya 14 katika orodha ya nyimbo zinazouzwa sana Uingereza. Whittaker mwenyewe aliingia katika 20 bora za orodha hiyo mwaka uliofuata, 1969, kwa wimbo wake "Durham Town", uliofika nafasi ya 12. Yaani wimbo wa Kabaka wa Nairobi ulitangulia, na wasikilizaji wengi wa Uingereza hawakujua ulikotoka.

Mtu anaweza kusema ni bahati tu, huyu alipata na huyu alikosa. Sikubali. Whittaker alikuwa na pasipoti iliyomfungulia Bangor na Belfast, kampuni iliyomlipa mrabaha kwa kila santuri, chama cha kuhesabu kila mara wimbo ulipopigwa hewani, na runinga iliyomwonyesha uso. Fadhili alipata sifa. Miriam Makeba, Harry Belafonte, Boney M, wote waliuimba "Malaika", na bado mwenyewe alitumia miaka mingi akidai malipo na kujibu madai ya wengine waliosema wimbo ni wao. Alifariki Nairobi mwezi Februari 2001, Kabaka akamfuata kabla mwaka huo haujaisha. Nyimbo zao zilijulikana duniani kuliko sura zao.

Tumwangalie sasa Whittaker katika miaka yake ya kupanda. Mwaka 1967 alikuwa katika timu ya Uingereza kwenye tamasha la Knokke, Ubelgiji, na timu ikashinda. Kilichowashangaza watu ni "Mexican Whistler", wimbo usio na neno hata moja, mbinja tupu. Huo ndio ulikuwa ukiimbwa na redio ya baba jioni ile. Ufaransa, Ubelgiji na Uholanzi waliupokea kwa shangwe, na ni rahisi kuona kwa nini: mbinja hazihitaji mkalimani. Ukiusikiliza kwa makini, hasa mahali anapobana midomo na kuikata sauti vipande vidogo vidogo bila kusita kuvuta pumzi, utakumbuka yale mawe ya All Saints.

"Durham Town" nao una kisa chake. Ni wimbo wa kuagana, mtu anauacha mji wa nyumbani. Whittaker aliutaja mto Tyne kana kwamba unapita Durham, na watu wa huko walimsahihisha haraka, maana mto wao ni Wear. Inasemwa aliuandika kwanza akiwa na Newcastle kichwani, ambako Tyne unapita kweli, kisha akabadilisha jina la mji kwa sababu lilikaa vizuri zaidi mdomoni. Kosa hilo dogo linanigusa. Mtu wa Durham hawezi kukosea mto wake. Huyu alikuwa akiimba juu ya kuuacha mji ambao haukuwa wake, kwa huzuni ambayo ilikuwa yake kabisa. Miaka 10 kabla ya hapo alikuwa ameuacha mji mwingine, ambao mito yake, Nairobi, Mathare na Ngong, haiingii kirahisi katika wimbo wa Kiingereza.

Sinema nayo ilimwita. Mwaka 1970 Cornel Wilde alitoa filamu ya No Blade of Grass, habari ya ugonjwa unaoua nafaka zote duniani na familia inayokimbia London watu wakigombania chakula, na wimbo wenye jina hilo ukaimbwa na Whittaker. Mtoto wa shamba la Thika akiimba juu ya nyasi zilizokauka: sijui mwimbaji mwingine wa London wa wakati ule ambaye angeufaa wimbo huo kama yeye.

Kisha "The Last Farewell". Alikuwa na kipindi ambacho wasikilizaji walialikwa kutuma mashairi yao, naye angeyatia muziki, wimbo mmoja kila wiki kwa wiki 26. Barua zilimiminika. Moja ilitoka kwa Ron Webster, mfua fedha wa Birmingham, mwenye shairi la baharia anayeondoka bandari ya nchi ya joto akimwacha mpenzi wake. Whittaker alilitia muziki, wimbo ukarekodiwa mwaka 1971, na haukutikisa mtu. Ukalala miaka minne. Halafu mke wa meneja wa vipindi wa redio moja ya Atlanta, Marekani, akausikia akiwa safarini Kanada, akamwomba mumewe aucheze. Simu zikaanza kulia. Mwaka 1975 wimbo ukaingia katika 20 bora za Marekani, ukafika nafasi ya 2 Uingereza, na kwa miaka iliyofuata ukauzwa mamilioni kwa mamilioni. Elvis Presley mwenyewe akaurekodi. Mashairi yalikuwa ya mfua fedha, lakini ni nani mwingine kati ya waimbaji wa London aliyejua kwa mwili wake mwenyewe jua la nchi ya joto na namna linavyokosekana katika mvua ya Uingereza?

Huku kwetu redio ilimchukua moja kwa moja. Wakenya wana mapenzi ya zamani na sauti za taratibu za Kizungu. Jim Reeves ana wapenzi Murang'a na Kitale wanaomjua kuliko wanavyomjua waimbaji wa wilaya jirani. Katika Sundowner, kipindi cha jioni cha idhaa ya Kiingereza, Whittaker aliwekwa kundi hilo, lakini kwa tofauti moja iliyotajwa kila mara: huyu ni wa hapa.

Mwaka 1982 akatoa "My Land Is Kenya", na kipindi hicho hicho akarudi kutengeneza filamu ya safari yake ya muziki nchini. Wimbo ukawa kama mali ya umma. Ulipigwa redioni, ukapigwa kwenye runinga pamoja na picha za twiga na milima, ukaimbwa na watoto wa shule ambao hawakujua ni wa nani. Ilikuwa miaka migumu: Agosti mosi 1982 wanajeshi waasi waliiteka Broadcasting House na kumlazimisha Leonard Mambo Mbotela kutangaza kwamba serikali imepinduliwa. Nchi ilitikisika, na mtu aliyeimba kwa upole kwamba nchi hii ni yake alipata masikio.

Lakini je, ni yake? Kwa Kiingereza, neno lile moja katika jina la wimbo lina maana mbili, nchi na udongo, na zote mbili zimefungwa humo pamoja. Kiswahili hakituruhusu kujificha. Lazima uchague: nchi, au ardhi. Kama ni ardhi, basi mtu wa Thika ana haki ya kukasirika, kwa sababu ardhi ndiyo iliyochukuliwa, ndiyo iliyowapeleka watu Nyandarua, na Whittaker alikwenda Nyandarua kupigana nao. Kama ni nchi, mambo yanabadilika. Nchi haimilikiwi na mtu mmoja akamnyima mwingine. Mtu huipenda nchi aliyozaliwa bila kuwa na hati.

Nimewauliza watu wengi, mjini na vijijini, jina la wimbo ule kwa Kiswahili ni nini. Wote, bila kufikiri, wamenijibu: Nchi Yangu Kenya. Hakuna hata mmoja aliyesema ardhi. Hiyo ni hukumu yao, wakaitoa bila baraza wala wakili, na ndiyo sababu mtu huyu yumo katika kitabu hiki. Shule yake iliwafungia mlango baba zao. Wao, kwa tafsiri ya neno moja, wakamfungulia wa kwao.

Mlango huo haukuwa wa raha tupu. Mwezi Aprili 1989 majambazi walivamia nyumba ya wazazi wake karibu na Nairobi, wakamuua baba yake, yule mpiga fidla aliyekuja kutafuta joto, na kumtesa mama yake kwa saa nyingi. Mama alirudi Uingereza. Watu walitarajia chuki kutoka kwa Whittaker. Alisema hadharani kwamba jambo lile litamwandama maisha yote, lakini akawasihi watu waishi bila chuki kadiri wanavyoweza. Yule kijana wa mwaka 1954 mwenye hasira hangeyasema maneno hayo.

Miaka yake ya mwisho ya kazi ilikuwa zaidi Ujerumani, akiimba Kijerumani bila kukijua, maneno yakiwa yameandikwa mbele yake kama yanavyosikika. Akastaafu, akahamia Ufaransa. Alifariki huko tarehe 13 Septemba 2023, akiwa na umri wa miaka 87.

Siku chache baadaye nilikwenda Kenyatta Market, kwenye vibanda vya santuri za zamani. Anayelijua soko lile anajua lilivyopangwa: moshi wa nyama choma upande mmoja, na katikati vichochoro vya wasusi, wanawake watatu wanne wakimzunguka mteja mmoja, kila mmoja na fungu lake la nywele. Muuzaji aliitoa santuri kwenye ganda lake lililochakaa pembeni, akaipangusa kwa pindo la shati, akashusha sindano. Kwanza ile mikwaruzo, kama mahindi yanayoanza kukaangika. Kisha mbinja. Kichochoro kizima kilizisikia. Msusi mmoja, mama wa makamo mwenye kitana kimebanwa kwapani, hakuinua macho kutoka kichwa cha mteja wake; vidole vilizidi kusuka, na midomo yake ikabana, akaidaka sauti ile pale pale ilipofika, akaenda nayo.